Siku Geti Lilipofungwa

Katunge alilikuta geti la hekalu limefungwa kwa kufuli mpya, nzito, na mlinzi asiyemjua ameketi kwenye kiti cha plastiki pale ambapo yeye mwenyewe alizoea kuketi akichambua maua. Alikuwa ametoka Mashimoni, Kibera, kwa miguu kama kila asubuhi. Alivuka Ngong Road pale Dagoretti Corner, akafuata Naivasha Road mpaka kituo cha Kawangware 56, kisha akaingia kichochoro kilicho nyuma ya maduka ya hardware. Ufunguo wa zamani alikuwa ameshautoa kwenye kitambaa alichoufungia.

"Mama, hapa pamefungwa," mlinzi alisema. "Ni private sasa. Nimeambiwa nisiingize mtu."

"Umeambiwa na nani?"

"Mwenyewe. Jayesh."

Katunge aliusoma ubao uliotundikwa ukutani: mali ya kibinafsi, si ya umma, mwingiaji atashtakiwa. Alikuwa bado amesimama mbele yake Ramila alipofika kwa mwendo wake wa polepole, ameshika sahani ya chuma yenye maua ya manjano na pamba ya taa. Ramila alikuwa mjane wa Kihindi aliyeishi peke yake katika ghorofa ndogo karibu na hapo, na tangu kuhani wa mwisho arudi India, ni yeye aliyekuja kuwasha taa kila siku.

"Fungua," Ramila akamwambia Katunge.

"Kufuli si yetu, Mama."

Ramila akaweka sahani chini, jambo ambalo Katunge hakuwahi kumwona akifanya, akaishika kufuli kwa mikono yote miwili na kuitikisa mpaka geti zima likalia. Mlinzi akasimama. Watu waliokuwa wakipakia mabati mtaani wakageuka kutazama.

"Mwambie huyo mtoto," Ramila akasema, akihema, "mimi naenda koti."

Na kweli akaenda mahakamani.

Hekalu hilo lilijengwa na Karsan Vekaria, mwashi aliyeanza kwa kuchonga mawe kwa mikono yake na baadaye akawa kontrakta. Kiwanja alikinunua wakati Kawangware bado ina mashamba ya mahindi. Mbele akajenga hekalu la mawe ya kijivu, nyuma akajenga nyumba ya kuishi na mke wake Manjula na mtoto wao wa pekee, Jayesh. Wahindi waliokuwa na maduka na karakana upande ule wa jiji walikuja kusaidia. Mmoja alileta saruji, mwingine mbao, wengine walishika koleo siku za Jumapili. Hakuna aliyefikiria kuandikisha chama. Hati ya ardhi ilikuwa na jina la Karsan, na kwa miaka mingi hilo halikumsumbua mtu.

Katunge aliajiriwa na Manjula akiwa msichana aliyetoka Kitui juzijuzi. Kazi yake ilikuwa kufagia ua, kuosha ngazi, na kufungua na kufunga geti. Chumba cha ndani chenye sanamu hakukiingia. Kwanza kwa sababu hakuambiwa aingie, na baadaye kwa sababu yeye mwenyewe aliona kanisa lake linamtosha. Lakini ua aliujua kama kiganja chake, na watu waliokuja aliwajua kwa viatu walivyoacha ngazini.

Kisha Manjula akafa, na baada ya miaka Karsan naye akafa. Wahindi wengi wakahamia mitaa mingine ya mbali. Jayesh akarithi kila kitu kilichokuwa kwa jina la baba yake, akapata mtu wa kujenga naye ghorofa za kupangisha, na siku ya kwanza ya kazi yake akanunua kufuli.

*

Wakili aliyekubali kesi ya Ramila na waumini wenzake waliobaki aliitwa Wamucii. Alikuwa mwanamke mrefu, mchangamfu, mwenye ofisi juu ya duka la dawa. Wiki ya kwanza alipata agizo la mahakama kwamba geti libaki wazi mpaka kesi iamuliwe. Kufuli ikatolewa, taa ikawashwa tena. Lakini alipomwita Katunge ofisini kuandika ushahidi wake, hakuwa na furaha yoyote usoni.

"Nikueleze vile kesi iko, Mama," alisema. "Jayesh hakatai kwamba watu waliomba pale. Anasema ilikuwa nyumba ya maombi ya familia yao. Waliokuja walikuwa wageni wa baba yake, vile wewe unaweza kukaribisha mtu chai. Na ukichoka na wageni, unafunga mlango. Sisi tunasema hapana, baba yake aliitoa ile nyumba kwa Mungu na kwa watu, yeye akabaki kuishika tu. Title inaweza kuwa na jina lake na bado isiwe yake ya kuuza. Umenielewa?"

"Nimekuelewa."

"Basi swali ni moja. Wale watu walikuwa wakiingia kwa ruhusa ya Mzee Karsan, au kwa haki yao? Na mtu wa geti ni wewe."

Katunge alikuwa amekumbuka siku moja ambayo hakuna mtu aliyeitaja kwa miaka mingi. Wamucii alikuwa ameshainamia kompyuta yake akiuliza mambo mengine: alianza kazi lini, sherehe zilikuwa zipi, watu walitoka wapi. Katunge akajibu aliyoulizwa. Hata hivyo alipofika mlangoni akarudi.

"Kuna siku Mzee aliniambia nifunge," akasema. "Na nikafunga."

Wamucii akaacha kuandika. "Keti," akasema.

Alisikiliza habari yote mpaka mwisho, bila kumkatiza. Kisha akasema, "Hii inaweza kutuua, na inaweza kutuokoa. Inategemea kama watakuachia umalize."

*

Habari ya siku hiyo ilimfikia Ramila, maana Wamucii alimuuliza juu yake. Kesho yake Ramila alimngoja Katunge kwenye ngazi za hekalu.

"Ile siku ya geti," alisema. "Usitaje."

"Wakiniuliza?"

"Sema hukumbuki. Kwisha."

"Lakini nakumbuka, Mama. Na wewe ulikuwa hapo."

"Mimi najua nilikuwa wapi!" Ramila alikuwa na sauti nyembamba iliyozidi kuwa nyembamba alipokasirika. "Wewe huelewi hawa mawakili. Watachukua kipande kidogo, watatupa kingine. Watasema, ona, alifunga, basi ni yake. Nyumba ya Mungu itavunjwa kwa sababu ya mdomo yako."

"Nitaapa kwa Biblia."

"Biblia ni yako. Mandir, hekalu hii, ni yetu. Kwani wewe unapoteza nini?"

Neno hilo lilimchoma Katunge. Alikuwa amefagia ua ule tangu kabla hajazaa. Alikuwa amenywea chai yake pale kwa kikombe cha bati kilichotengwa kando ya vikombe vingine, na hakusema kitu. Akachukua ufagio wake.

"Nikisema uongo mdogo kwa sababu nyinyi ni wazuri," akasema, akifagia bila kumtazama, "hata ule ukweli mkubwa nitakaosema hautaaminika. Nitasema vile ilikuwa. Kama hutaki, mwambie Wamucii anitoe."

Ramila hakumwambia Wamucii amtoe. Lakini kwa muda mrefu baada ya hapo alipita getini bila kumsalimia.

*

Jayesh naye alikuja. Katunge hakumtarajia, na hasa hakumtarajia Mashimoni. Alikuwa akianika nguo Jumamosi mchana alipoona watoto wamemzunguka mtu mwenye shati jeupe, akiruka mtaro wa maji machafu kwa uangalifu, akiuliza kwa Katunge ni wapi. Eddah, jirani yake ambaye pia alikuwa mwenyekiti wa akina mama kanisani, alitoka kabisa nje ya mlango wake ili aone vizuri.

"Sikujua unaishi mbali hivi," Jayesh alisema alipoketi kwenye kitanda, maana kiti kilikuwa kimoja na alikataa kumnyima Katunge. Alikuwa ameanza kuota mvi kando ya masikio. Katunge alimkumbuka akiwa mvulana mwenye magoti yaliyochubuka, akiruka ukuta wa nyuma ili asionekane na waumini.

"Hukuwahi kuuliza," akasema.

"Ni kweli." Akatazama chini. "Sitaki udanganye, Katunge. Nataka tu ukiulizwa kama Baba alikuamuru ufunge geti, useme ndiyo."

"Nitasema ndiyo. Halafu nitasema kilichofuata."

"Hakuna mtu atakuuliza kilichofuata."

"Basi nitakisema bila kuulizwa."

Jayesh akacheka kidogo, bila furaha. Kisha akaanza kuongea kama mtu aliyeshikilia jambo kwa muda mrefu. "Unajua nilikula chakula changu saa ngapi nikiwa mdogo? Baada ya wageni wote kula. Unajua Mama aliugua akisikia kengele na nyimbo ukutani usiku na mchana, na hakuna siku hata moja waliyonyamaza ili alale? Wote walimpenda Baba, wakamwita ndugu. Karsanbhai hivi, Karsanbhai vile. Alipozeeka, walihama. Ni mimi nilimbeba chooni. Sasa wanarudi kuniambia nyumba ya baba yangu si yangu."

Yote aliyosema Jayesh yalikuwa ya kweli. Manjula alikuwa ameugua katika chumba kinachopakana na hekalu, na Katunge ndiye aliyekuwa akimpelekea maji ya moto.

"Ulibeba mzigo wako na sitasema hukubeba," akasema mwishowe. "Kama ni nyumba ya nyuma, hata mimi nitaenda kotini niseme ni yako. Lakini ile ya mbele, Jayesh, wewe mwenyewe ulimsikia baba yako siku ile."

Jayesh akainuka. Mlangoni akasema, "Utakuwa umekosea ukisema yote. Hata hao unaowatetea hawatakushukuru."

"Hilo nimeshaliona," Katunge akasema.

Alipoondoka, Eddah alikuja mara moja. Alikuwa na uso wa mtu aliyekuja kwa upole ila hataondoka hivihivi, akamwita kwa jina la mwanawe.

"Mama Duncan, ni kweli unaenda kotini kutetea sanamu?"

"Naenda kusema nilichoona."

"Watu wanaongea. Wewe ndiye unaongoza maombi ya Alhamisi. Tutawaambiaje? Mchungaji anataka upumzike kidogo, mpaka hii maneno iishe."

Katunge alikunja nguo aliyokuwa ameshika, akaikunja tena. "Eddah, mtu akija kuchukua hili kanisa letu la mabati, aseme mwenye kiwanja alitukaribisha tu kama wageni, utataka nani aje aseme ukweli? Utauliza kwanza anasali wapi?"

Eddah akarudi mlangoni kwake. Alhamisi iliyofuata maombi yaliongozwa na mtu mwingine, na Katunge akaketi kwenye benchi la nyuma, akaimba pamoja nao.

*

Siku ya kusikizwa kwa kesi alivaa kitenge chake cha harusi za watu. Chumba cha mahakama kilikuwa kidogo kuliko alivyodhani. Ramila alitoa ushahidi kwanza, akasema vizuri mpaka wakili wa Jayesh alipomuuliza kama anakumbuka siku yoyote hekalu lilipofungwa kwa amri ya Karsan.

"Sikumbuki," Ramila akasema, akitazama mbele.

Wakili akatabasamu, akaandika kitu, akaketi. Katunge akaelewa kwamba huo ulikuwa mtego aliotegewa yeye. Jaji alikuwa mwanamke wa makamo mwenye miwani. Akamtazama Ramila kwa muda kabla ya kumruhusu ashuke.

Katunge akaapa. Wamucii akamwongoza polepole: watu walikuja kutoka wapi, nani aliwaita, kama kuna aliyebisha hodi nyumbani kwa Mzee kabla ya kuingia hekaluni. Hakuna. Walivua viatu wakaingia. Hata wapita njia wa Kawangware waliingia siku za chakula, wakaketi uani wakala kwenye sahani za majani, na Karsan mwenyewe aliwapakulia.

Kisha wakili wa Jayesh akasimama.

"Mama, mshahara wako ulilipwa na nani?"

"Mzee Karsan."

"Amri zako ulizipata kwa nani?"

"Kwa Mzee na mke wake."

"Je, iliwahi kutokea Mzee Karsan akakuamuru ufunge geti, waumini wasiingie?"

Nyuma yake Katunge alisikia Ramila akivuta pumzi.

"Ndiyo."

"Ukafunga?"

"Nilifunga."

"Wakaingia?"

"Hawakuingia. Lakini mchana wa siku hiyo—"

"Inatosha, Mama."

"Sijamaliza."

"Nimekuuliza kama waliingia, umesema hawakuingia. Asante." Akamgeukia jaji. "Mteja wangu anadai kitu kidogo sana, Mheshimiwa. Mwenye nyumba alifunga nyumba yake. Shahidi wa walalamishi mwenyewe ndiye aliyegeuza ufunguo, na mlalamishi wa kwanza, ambaye alikuwepo, amesema chini ya kiapo kwamba hakumbuki."

Akaketi. Katunge alishika ukingo wa kizimba. Alimwona Ramila ameinamisha kichwa, mtandio wake umeteleza mpaka begani, na hakuurudisha.

Wamucii akasimama tena. Hakuharakisha. "Mama Katunge, umeambiwa inatosha. Mimi nauliza. Mchana wa siku hiyo, nini kilitokea?"

Basi Katunge akaeleza. Ilikuwa siku chache baada ya kifo cha Manjula. Mzee alikuwa hali wala hanyoi ndevu, na asubuhi hiyo alitoka akiwa pekupeku akamwambia, "Funga. Nimemwomba Mungu mwaka mzima amponye. Asiingie mtu." Akafunga. Watu wakaja kama kawaida na kukuta minyororo. Mvua ilikuwa inanyesha. Katunge alidhani wataenda nyumbani, lakini waliketi chini, kwenye tope la kichochoro, akina mama na waashi na wenye maduka, wakaanza kuimba. Hawakupiga kelele, hawakutukana. Waliimba tu, na watu wa Kawangware wakasimama kutazama.

"Mama Ramila," akasema, na akamtazama kule alikoketi, "alivua kiatu akagonga geti nacho. Akaita, 'Karsan, wewe si mwenyeji hapa! Wewe ni mwashi!' Mimi niliogopa. Nilijua Mzee ana hasira."

"Mzee alifanya nini?"

"Alitoka. Kijana wake alikuwa amemshika mkono, maana alikuwa dhaifu. Akasimama akawaangalia kupitia vyuma vya geti. Akalia. Halafu akaniambia, 'Fungua. Mimi nilijenga kuta. Mwenye nyumba yuko ndani, na hawa ni wageni wake, si wangu.' Nikafungua. Wakaingia na matope yao. Baada ya siku hiyo sikuambiwa tena nifunge."

Wakili wa Jayesh akaomba ruhusa kuuliza neno moja tu. Jaji akampa.

"Hekalu likiuzwa, Mama, utabaki na kazi?"

"Sitabaki nayo."

"Kwa hivyo hadithi hii inakulinda."

"Kama ningetaka kujilinda," Katunge akasema, "ningesema sikumbuki kufunga."

Jaji akaandika.

*

Zamu ya Jayesh ilikuja baada ya chakula cha mchana. Aliapa kwa Gita, kitabu kitakatifu cha Wahindu, na akaeleza habari ya baba yake bila kuongeza chumvi. Alisema juu ya mama yake. Hata Wamucii alimsikiliza akiwa ameweka kalamu chini. Kisha akasimama kumhoji.

"Siku ambayo shahidi wetu ameieleza, ulikuwepo?"

"Nilikuwepo."

"Ni wewe ulikuwa umemshika baba yako mkono?"

"Ndiyo."

"Baba yako alisema nini geti lilipokuwa limefungwa?"

Wakili wake akasimama kwa pingamizi. Akasema marehemu hawezi kuhojiwa juu ya maneno anayobandikwa. Jaji akasema swali si juu ya marehemu, ni juu ya masikio ya shahidi. Ajibu.

Jayesh aligeuza kichwa. Alitazama meza ya wakili wake, ambaye alikuwa akimtazama kwa macho ya kumsihi. Kisha akamtazama Katunge aliyeketi mstari wa tatu, mkoba wake magotini.

"Alisema," akajibu. "Vile amesema Katunge. Alisema wageni si wake." Akapangusa uso. "Nilidhani ni huzuni inayosema. Nimejiambia hivyo miaka yote hii. Lakini alisema."

Nje, kwenye kibaraza, mawakili walikuwa wakizungumza mambo yao na Ramila alikuwa amekaa peke yake kwenye benchi. Jayesh alimpita, akaja mpaka alipo Katunge.

"Nilikuwa tayari kusema sikumbuki maneno ya Baba," akamwambia. "Tulikuwa tumekubaliana hivyo na wakili. Lakini wewe ulikubali ile ya kufunga, na niliona inavyowaumiza upande wenu. Sikuweza tena."

"Umefanya vizuri."

"Nimejipokonya nyumba."

"Ya mbele tu," Katunge akasema.

Alipogeuka, Ramila alikuwa ameinuka. Alisimama mbele yake, mdogo, mtandio ukiwa umefungwa upya, na alionekana kutafuta maneno katika lugha zote alizozijua.

"Mimi nilisema sikumbuki," akasema hatimaye. "Mbele ya jaji. Mimi, ambaye nilishika kiatu."

"Nilikusikia, Mama."

"Wewe hukuniaibisha. Ungeweza kusema, huyu mzee ni mwongo."

"Sikuulizwa hilo," Katunge akasema, na kwa mara ya kwanza tangu siku ile ya ngazini, Ramila akamshika mkono. Wakashuka pamoja, polepole, kwa sababu ya magoti ya Ramila.

*

Hukumu ilitolewa baada ya miezi mingi. Jaji alisema Karsan Vekaria alilitoa hekalu na ua wake kwa ibada ya wote wenye kutaka kuabudu pale, na kwamba aliishika hati kama mdhamini tu. Aliamuru wadhamini wapya wateuliwe. Nyumba ya nyuma na kiwanja chake zilibaki za Jayesh, maana hakuna aliyethibitisha kwamba zilitolewa kwa yeyote. Juu ya Ramila alisema, kwa maneno machache makali, kwamba shahidi mkweli hachagui la kukumbuka. Ramila alisikiliza akiwa amesimama na hakujitetea.

Jayesh aliiuza nyumba ya nyuma. Ghorofa zikaanza kupanda, na kufikia mwaka uliofuata jua la asubuhi lilichelewa kufika uani. Mti wa mfenesi alioupanda Manjula ulikatwa. Katunge alisikia msumeno akiwa anaosha ngazi, akaendelea kuosha, na machozi yalipomjia aliyafuta kwa kiganja chenye sabuni na macho yakamwasha zaidi.

Kanisani walimrudishia maombi ya Alhamisi. Eddah ndiye aliyemwambia, na hakueleza kwa nini, naye Katunge hakuuliza.

Wadhamini wapya walikuwa watu wa mitaa ya mbali, wenye haraka na simu nyingi. Walipaka kuta rangi, wakaweka kamera, na kabla ya sherehe yao kubwa ya kwanza wakaleta mlinzi wa kampuni asimame getini. Katunge alimkuta asubuhi ya sherehe amefunga upande mmoja wa geti na kuacha upenyo wa mtu mmoja, akiwauliza waliofika wanatoka wapi na wamekuja kumwona nani. Mstari ulikuwa umeanza kujipinda kuelekea maduka ya hardware. Mwenye kibanda cha viazi wa jirani, aliyekuja kila mwaka kula chakula cha sherehe, alikuwa ameshageuka kurudi.

Na katikati ya mstari, amebeba viatu vyake mkononi ingawa bado yuko nje, alikuwepo Jayesh.

"Unaenda kuona nani?" mlinzi alimuuliza alipofika mbele.

Jayesh alifungua mdomo. Hakupata jibu.

Katunge akatua ndoo yake. "Kijana, toka hapo," akamwambia mlinzi.

"Mama, ni order ya committee."

"Mwambie mwenyekiti wa committee aje aongee na mimi."

Mwenyekiti akaja, mtu mnene mwenye adabu, akaeleza juu ya usalama na wizi na jinsi mambo yalivyo siku hizi. Katunge alimsikiliza mpaka mwisho. Ramila alikuwa ametoka hekaluni na kusimama nyuma ya Katunge.

"Usalama nimekuelewa," Katunge akasema. "Akitaka kupekua mifuko, apekue. Lakini hakuna mtu ataulizwa hapa anamtafuta nani. Tulienda kotini juu ya hilo swali. Mkitaka kuliuliza tena, mtafute mtu mwingine wa geti."

Mwenyekiti akamtazama Ramila.

"Usiniangalie mimi," Ramila akasema. "Msikilize."

Mwenyekiti akasita, akatazama ule mstari mrefu, na mwishowe akamwashiria mlinzi asogee. Katunge akavuta komeo la chini, ambalo siku zote lilikwama, akalipiga teke, na upande wa pili wa geti ukafunguka mpaka ukutani.

"Ingieni," akasema. "Mwenye viazi, rudi! Unaenda wapi?"

Jayesh alipita karibu naye na kuweka viatu vyake kwenye ngazi, pamoja na vya wengine wote.